Alisema "nzuri", kisima kikanyamaza

Saa mbili asubuhi. Jua limekwisha kutoka lakini bado halijapasha kitu, na Tsevelmaa yuko juu ya ngazi ya mbao yenye vipago vitano, cha tatu kimefungwa kwa kamba ya manyoya ya ngamia. Mkononi ana kitambaa cha buluu alichokikata kwenye mkono wa joho lake la zamani. Anafuta vumbi kwenye paneli za sola. Ziko kumi na mbili. Anafuta moja, anakunja kitambaa upande ulio safi, anafuta ya pili.

Akimaliza anashuka taratibu, anachukua ufagio, anaingia kwenye hori la saruji walimokuwa wakinywea kondoo na mbuzi. Urefu wake ni hatua kumi na nane. Ndani hamna tone. Kuna mchanga, kuna vinyesi vikavu vya ndege, na leo kuna mjusi mmoja aliyejibanza kwenye kona.

"Toka basi, baba," anamwambia, naye anasimamisha ufagio kumngoja. "Na wewe umekuja kuulizia maji?"

Pampu ya kisima cha Shar Tolgoi, kusini mwa jangwa la Gobi, haijavuta maji tangu tarehe ishirini na tatu mwezi wa sita. Sasa mwezi wa tisa unaisha. Na kila asubuhi mtunzaji wake huyu, mama wa miaka sitini na mmoja, anafuta paneli na kufagia hori kana kwamba mifugo iko njiani.

"Wakija wasikute mavumbi," anasema. "Watasema mama huyu mvivu, ndiyo maana kisima kimemfia."

Waliochimba kisima hiki walitoka nje ya nchi, miaka minane iliyopita, baada ya kile kipupwe kilichoua mifugo ikiwa imesimama. Tsevelmaa mwenyewe alikuwa na mbuzi mia mbili thelathini. Majani yalipoota alibaki na kumi na wanane, na mume ambaye hakusema neno kwa wiki nzima. Mume naye alifariki miaka miwili baadaye, kwa moyo.

Wachimbaji walikaa siku arobaini. Walikuwa na mashine kubwa kama ghala, wakashuka chini mita mia moja na arobaini, na jioni walikula supu ya kondoo kwenye hema lake. Mmoja wao, kijana mwekundu mwenye nywele kama majani makavu, alijifunza kuimba wimbo mmoja wa ngamia, vibaya sana. Siku maji yaliporuka watu walilia. Wakaweka kibao chenye bendera nne na maneno ya lugha mbili. Tsevelmaa anasoma nusu yake tu, lakini anazifuta nusu zote mbili.

Wilaya ikamwajiri atunze. Mshahara wake ni tugriki laki tatu na elfu themanini kwa mwezi. Ukitoa gunia la unga, tofali za chai iliyoshindiliwa na petroli ya pikipiki, kinachobaki anamtumia mjukuu wake aliye shuleni Ulaanbaatar, mji mkuu.

Kazi yenyewe haikuwa kufungua bomba tu. Alipanga nani anywe kwanza. Kondoo na mbuzi walitangulia, maana wana haraka na wanasukumana. Farasi wakafuata, na hao huwapigii kelele. Unawapigia mluzi mdogo, wa polepole, ndipo wanakunywa mpaka wanashiba. Ngamia mwisho, kwa sababu ngamia akiinamisha kichwa hakiinuki mpaka hori lione sakafu yake. Wakati wa baridi alivunja barafu kwa mtaimbo, akayavisha mabomba mablanketi ya sufu na kuyazungushia samadi kavu yasigande.

Familia sita zilinywesha hapa. Ukiwa juu ya ngazi ungeona moshi sita. Watoto walimwita Mama Maji, na watu wazima nao wakaishia kumwita hivyohivyo.

Sasa panda ngazi uangalie pande zote. Hakuna moshi hata mmoja isipokuwa wake.

Ilianza mwezi wa tano, baada ya dhoruba ya mchanga iliyovuma siku tatu. Pampu ikawa inaamka vizuri asubuhi, lakini jua likipanda inakohoa, inakata. Inapumzika, inavuta kidogo, inakata tena. Tsevelmaa alifungua kisanduku cha umeme kilichoko ukutani, kile kinachoiongoza pampu, akakuta waya mmoja umekuwa mweusi. Kilinuka kama maziwa yaliyoungua chini ya sufuria.

Hakuogopa sana. Alikuwa amekwisha sikia kwamba lile shirika la nje lililochimba kisima lilikuwa limetenga vipuri kwa visima vyake vyote, na kwamba mkaguzi angepita mwezi wa sita kuuliza wapi panahitajika nini. Akaukata ule waya mweusi, akaunga mwingine kadiri alivyojua, na wa zamani akautia mfukoni ili amwonyeshe.

Gari jeupe lilifika tarehe kumi na moja, saa nne ya asubuhi.

"Shika mbwa!" dereva alipaza sauti kwa mbali, kama afanyavyo mtu yeyote anayefika kwenye hema la wenyewe. Tsevelmaa akamshika mbwa wake, Dubu, akatabasamu. Chai ilikuwa tayari, ya maziwa na chumvi, na sinia la maandazi ya mafuta ya kondoo alilolipanga tangu alfajiri.

Wageni walikuwa wawili: mkaguzi mwenyewe, bwana mrefu aitwaye Lukas, ambaye aliinama mlangoni lakini bado akajigonga, na mkalimani wake Uyanga, binti wa Ulaanbaatar, mpole, mwenye viatu vyeupe. Dereva alibaki nje akipoza injini.

Wakaketi. Tsevelmaa akamimina. Salamu zikaanza.

"Mama, hamjambo? Majira ya joto mmeyapokea salama?"

"Salama, salama."

"Mifugo imenenepa?"

"Imenenepa vizuri."

Bwana Lukas akasema jambo, na Uyanga akalitafsiri papo hapo, bakuli bado halijamfika mdomoni. "Na kisima je, mama? Kinafanya kazi vizuri?"

"Vizuri," Tsevelmaa akajibu. "Kizuri sana."

Angejibu nini kingine? Nyanda hizi hakuna mtu ambaye angejibu tofauti. Salamu zina mstari wake, na kila kilichomo kwenye mstari huo hujibiwa kwa wema: majira mazuri, mifugo minene, mwili mzima. Hata aliyefukia mifugo yake jana anasema imenenepa. Kuleta neno baya pale mlangoni ni kuliita likae. Kwanza mgeni anywe. Bakuli la kwanza likiisha anajazwa la pili, anapumua, anaangalia moto, kisha anauliza: "Haya, kuna jipya gani?" Hapo ndipo watu wanazungumza. Hapo ndipo unasikia nani amekufa.

Tsevelmaa aliketi akingoja swali hilo, mkono mfukoni, ameushika ule waya.

Halikuja. Bwana Lukas alipiga mafunda mawili, akaandika kwenye karatasi yake, akaangalia saa. Kulikuwa na visima vingine vitano kabla ya jua kuzama. Wakatoka nje, wakafungua bomba, na kwa kuwa ilikuwa bado asubuhi, maji yakatoka, tena kwa nguvu. Bwana Lukas akafurahi kweli. Akapiga picha.

"Tabasamu, mama!" Uyanga akasema.

Akatabasamu.

"Nilijua tunarudi ndani kumaliza chai," anasimulia. "Nimewasha moto upya kichwani mwangu, nimepanga na maneno. Mara nasikia milango ya gari, pa, pa. Nikajiambia, labda wanachukua kitu. Wanaondoka!"

Akakimbilia hemani. Si kuuchukua ule waya, maana anao mfukoni. Alichukua upawa wa maziwa, akatoka, akarusha maziwa hewani nyuma ya lile gari, mara tatu, wapate safari njema.

Siku kumi na mbili baadaye pampu ilikohoa mara moja, ikanyamaza.

Karatasi ya Bwana Lukas ilifika wilayani kabla ya habari za Tsevelmaa. Iliandikwa kwamba kisima cha Shar Tolgoi ni kizima na mtunzaji hana haja yoyote. Vipuri vikagawiwa kwingine. Hakuna aliyemdanganya mwenzake katika jambo hili, na ndilo linalomchoma Tsevelmaa.

"Angekuwa mwizi ningemlaani nikapumzika," anasema. "Lakini aliuliza. Mtu kavuka bahari kuja kuniuliza kisima kikoje, nami nikamwambia kizuri."

Familia sita zilivumilia siku tisa. Kuna kisima cha zamani cha kuteka kwa ndoo, mwendo wa kilomita nne, lakini maji yake ni machungu kama magadi, na yanawatosha watu, si makundi. Wa kwanza kuhama alikuwa mwanamke mwenye mtoto mchanga. Alikuja kuaga akiwa amekwisha pakia ngamia.

"Mama Maji, tunasogea kaskazini kidogo tu."

"Vizuri, mwanangu. Majani yako huko."

"Tutarudi."

"Mtarudi."

Kidogo hicho ni kilomita sitini. Wa mwisho aliondoka tarehe tano mwezi wa saba. Walipokuwa wamepiga mahema yao pamebaki miviringo, nyasi zake za njano, imelala kama sarafu zilizosahauliwa. Tsevelmaa aliipitia yote sita, akaokota alichokiona: kigingi, kifungo cha shaba, na kifundo kimoja cha mguu wa kondoo, kile watoto wanachochezea, kimepakwa rangi ya kucha. Kifundo amekitia kwenye kopo la sukari asije akakipoteza, mwenyewe akirudi apewe.

Sasa anakwenda kuteka kwenye kisima kichungu kila siku ya pili, na ngamia wake mzee na madumu mawili. Maji hayo chai inayakataa, maziwa yanakatika. Anakunywa hivyohivyo.

Mchana si mbaya, anasema, kuna kazi. Kibaya ni saa kumi na moja jioni. Hiyo ndiyo saa ambayo mifugo ilikuwa ikifika, vumbi kwanza, kisha kelele, kisha watoto juu ya farasi wakitukanana. Mwili wake haujasahau. Saa hiyo miguu inamtoa nje yenyewe, anasimama kando ya hori, anatazama upande wa mashariki, halafu anajifanya alitoka kuanua nguo.

Hata Dubu amebadilika. Zamani alibweka mpaka sauti ikamkauka. Siku hizi analala mlangoni, na juzi mbweha alipopita hatua ishirini kutoka hapo, alimwangalia tu.

"Nikamwambia, bweka basi, hata kwa heshima. Akageukia upande mwingine."

Simu inashika mtandao juu ya kilima, mwendo wa saa moja na zaidi kwa miguu. Anapanda Jumapili. Akifika juu zinaingia meseji za wiki nzima kwa mpigo, nyingi za mwanawe wa kike anayekaa Ulaanbaatar. Mama, baridi imeanza? Mama, umekula? Mama, njoo tukae huku, chumba kipo. Anazisoma zote, anaketi juu ya jiwe, anaandika kwa kidole kimoja: Niko salama. Nzuri tu.

Ni juu ya kilima hichohicho alikompigia ofisa wa wilaya anayeshughulikia maji, akamweleza kila kitu.

"Mama, karatasi inasema kisima kizima," ofisa akamjibu.

"Mwanangu, mimi ninakwambia kimekufa. Nimesimama juu ya kilima, ninakiona kimekufa."

"Ninakuamini. Lakini vipuri si vyetu, ni vya mradi, na mradi unafuata karatasi yao. Watapita mara ya mwisho tarehe nane mwezi wa kumi, kisha wanafunga mradi. Waambie wenyewe, kwa mdomo wako."

"Wasipoandika?"

"Zile familia lazima ziandikishe malisho ya baridi kabla ya mwezi wa kumi kwisha. Kama hapo hapana maji zitaandikisha hukohuko zilipo. Na kisima kisichokuwa na mtu, mama, hatuwezi kukiwekea mtunzaji."

Mambo yamesimama hapo. Siku moja, gari moja, bwana mmoja. Asipopata vipuri, basi Shar Tolgoi inafutwa, na yeye atapanda basi kwenda kwenye hicho chumba cha mjini.

Mtu pekee anayepita bado ni Gonchig, mzee wa miaka sitini na minane anayechunga ngamia peke yake upande wa magharibi. Anakuja kila baada ya siku nane au tisa kwa pikipiki isiyo na taa. Wiki iliyopita alifika Jumanne, akaketi upande wa wanaume, akanywa bakuli lake la chai chungu hadi mwisho bila kukunja uso, kisha ndipo akaanza.

"Hivi kweli ulimwambia 'kizuri'?"

"Kaka, tumelimaliza hilo."

"Hatujalimaliza, mimi bado nacheka. Kisima kinakohoa kuliko mimi, dada yangu anasema kizuri sana!"

"Ulitaka nimwambieje? Mtu hajakaa sawasawa, hajanywa, nimmwagie shida miguuni kama maji machafu?"

"Sasa hata hayo machafu huna."

Tsevelmaa alimtupia kitambaa cha sufuria. Gonchig akakidaka, akajifuta nacho masharubu.

"Na wewe," Tsevelmaa akasema, "mkeo alipofariki, si ulipita hapa? Nikakuuliza habari za nyumbani. Ulinijibu nini?"

Gonchig aliangalia moto.

"Nzuri," akasema.

"Ukanywa mabakuli mawili."

"Matatu. Sikujua nikimaliza nitaanzia wapi."

Nje Dubu alijikuna, akatulia.

Kisha Gonchig akajikohoza, akanyoosha mgongo, akajifanya mrefu. "Haya, tufanye mazoezi. Mimi ndiye Bwana Lukas. Ninaingia, ninajigonga. Aa! Mama, hujambo? Mifugo imenenepa?"

"Imenenepa."

"Usinijibu hivyo, unajiharibia! Tena. Mama, kisima kizuri?"

"Ki..." Tsevelmaa akafumba macho. "Ki..."

"Sema kibaya!"

"Kizuri, lakini..."

"Hakuna lakini! Lakini yako inatoka wakati mimi nimekwisha panda gari!"

Walijaribu mara nne. Mara ya nne Gonchig alicheka mpaka akashika mbavu, na Tsevelmaa akacheka pia, halafu akaacha ghafla na kuufuta uso. Halitoki. Ameketi kwenye hema hili miaka arobaini, amepokea wageni wa theluji na wa mchanga, na hajawahi kumpa mtu neno baya kabla ya kumpa kinywaji. Si kwamba hataki. Ulimi wenyewe haujui njia.

Gonchig alipoondoka alibaki akiosha mabakuli kwa yale maji machungu, na anasema ni hapohapo, akiwa ameshika bakuli la wageni, lile lenye mdomo wa fedha alilopewa na mama mkwe wake, ndipo alipojua la kufanya.

Siku ya tarehe nane moto utakuwa umezimwa. Wageni wakaribie waone hema halina moshi. Wataketi, na kabla salamu hazijaanza atampa Bwana Lukas bakuli hilo kwa mkono wa kulia, kiwiko kimeshikiliwa kwa mkono wa kushoto, kwa heshima zote. Tupu.

Alipomweleza Gonchig mpango huo kwa simu Jumapili, mzee alipiga kelele mpaka Tsevelmaa akaiweka simu mbali na sikio.

"Dada! Bakuli tupu kwa mgeni? Umerogwa? Tangu nizaliwe sijaliona hilo!"

"Hujaliona. Na yule binti Uyanga hajaliona."

"Yule wa mjini, atajuaje?"

"Ana mama. Alilelewa na mtu. Atalitazama lile bakuli, damu itamwenda mbio, na atamwambia bwana wake kuna jambo hapa. Si lazima mimi niseme."

"Je, wakikasirika waondoke?"

"Mara ya kwanza walifurahi wakaondoka. Kuna tofauti gani?"

Hataki kisima kingine, anasema, wala kibao kipya. Anachotaka ni kisanduku kimoja cha umeme, ukubwa wa tofali mbili za chai. Akikipata atapanda kilima siku hiyohiyo na kuzipigia familia sita, moja baada ya nyingine, kuanzia kwa yule mwenye mtoto mchanga.

Amekwisha jaribu kwa mkono, peke yake, mara nyingi. Anachukua bakuli, analikausha kwa kitambaa, anamnyooshea mgeni asiyekuwepo. Mara mbili amekuta mkono wa kushoto umekwenda wenyewe kuinua birika.

Ndiyo sababu atapika chai alfajiri, mapema, na kuzima moto. Maji yake tayari ameomba kwa Gonchig, dumu moja la maji matamu kutoka kwake, maziwa yasikatike. Chai atakuwa ameitia kwenye chupa kubwa ya kutunza joto, akaificha nyuma ya kitanda, imefunikwa kwa mto.

"Bakuli litakuwa tupu kitambo kidogo tu," anasema. "Akiniuliza kwa nini, nitammiminia. Na akiisha kunywa, nitamwambia."